Mvua zimeanza, na mbwa wangu amerudi kukojoa ndani

*Swali: Daktari, habari za kazi. Tunakaa Malindi, upande wa Muyeye, nyumba ya kupanga yenye ua. Mwezi wa tatu Muitaliano mmoja aliyekuwa akifunga nyumba yake kurudi kwao alituachia mtoto wa mbwa, jike, akiwa na wiki 8. Jua lilipokuwa likiwaka alishika haraka: nikifungua mlango wa jikoni anakimbia hadi chini ya mwembe, anajisaidia, anarudi. Tangu mvua zianze mambo yameharibika. Sasa ana wiki 15. Nikimtoa anasimama kizingitini akitetemeka, nikimsukuma anajibanza miguuni mwangu. Nangoja weee, hakuna kitu. Tukirudi ndani, hata mlango sijafunga, anachuchumaa kwenye mkeka. Mume wangu anasema nimsugue pua kwenye mkojo ili akome. Shemeji yangu yuko Uingereza, yeye anacheka tu: huko mbwa wanatolewa kwenye theluji, wangu anadeka. Mama mwenye nyumba ni mtu wa swala tano na ameshaanza kunung'unika. Nimwekee magazeti ndani mpaka mvua ziishe? Au nilimfundisha vibaya tangu mwanzo?*

Hukumfundisha vibaya, dadangu. Mtoto wa mbwa anayekimbilia mwembe peke yake akiwa na miezi miwili na kitu amefundishika vizuri kuliko wengi ninaoletewa. Unachoogopa, naona, ni kwamba kazi yote imepotea na inabidi uanze upya na mbwa mkaidi. Kazi haijapotea, wala sioni ukaidi katika maelezo yako. Ila kuna jambo moja kuhusu alichojifunza ambalo mvua imeliweka wazi.

Wewe ulidhani umemfundisha kujisaidia nje. Yeye alijifunza pale chini ya mwembe: udongo mkavu wenye majani, kivuli, utulivu, na harufu ya mkojo wake wa jana. Watoto wa mbwa huanza kutoka kitandani kwao kwenda kujisaidia pembeni wakiwa na wiki 3 hivi. Kabla ya hapo hata kukojoa ni mpaka mama awalambe. Wakifika wiki ya 8 au ya 9 huanza kuzoea aina fulani ya sakafu chini ya nyayo zao, na mazoea hayo hushika sana. Wako aliingia kwenu katika wiki hizo hizo, kiangazi, udongo ukiwa mkavu na wa moto. Nyayo zake zikajua kwamba choo ni hicho.

Halafu masika yakaingia. Udongo umekuwa tope, harufu imesombwa na maji, majani ya mwembe yanadondosha matone makubwa ya ghafla mgongoni, na kusi inavuma hata mabati ya jirani yanapiga kelele. Kwa pua yake na nyayo zake, pale mahali hapapo tena. Unapomsimamisha hapo unamwona amesahau, na yeye anakuona umempeleka mahali pasipo pake kabisa.

Sasa lile linalokuudhi zaidi, la kurudi ndani na kukojoa papo hapo. Watu wengi huliona kama kisasi. Mwili unafanya kazi hivi: kibofu kinaongozwa na makundi mawili ya neva. Kundi moja hufanya kazi mnyama anapokuwa na hofu au tahadhari. Moyo unaenda mbio, masikio yanasimama, msuli unaofunga kibofu unakaza, na ukuta wa kibofu unalegea ili ubebe zaidi. Kundi la pili hushika zamu mnyama akitulia, nalo hufanya kinyume: msuli unaachia, kibofu kinajikamua. Nje kwenye upepo na matone, mbwa wako yuko katika hali ya kwanza. Hata akiwa amebanwa, mkojo hautoki. Mnaingia ndani, sakafu ni kavu, pananukia kwenu, upepo umebaki nje. Mwili unatulia, na kinachofuata ni mkeka wako. Katika umri wa wiki 15 hana uwezo mkubwa wa kulizuia hilo, maana misuli yenyewe bado inakomaa.

Na kuna sababu ya pili ambayo watu hawaifikirii: sasa hivi ana mkojo mwingi kuliko mwezi wa tatu. Kwenye joto mbwa hupoteza maji mengi kwa kuhema, ulimi nje. Hali ya hewa ikipoa kuhema kunapungua, na maji yale yale aliyokunywa hupitia kwenye figo. Juu ya hapo, ngozi ikipatwa na baridi mishipa yake ya damu hubana, damu hurudi ndani, na figo hutoa maji zaidi. Kwa hiyo usishangae kama aliyekuwa akienda kila baada ya saa nne sasa anahitaji baada ya mbili. Kipimo cha kawaida ni saa moja kwa kila mwezi wa umri, akiwa ametulia. Akicheza, punguza muda huo kwa nusu au hata zaidi.

Hapo niulize jambo moja la jikoni: anakula nini? Mvua zikianza na bahari ikichafuka, samaki wabichi huadimika na nyumba nyingi hurudi kwenye papa mkavu na ng'onda, samaki waliokaushwa kwa chumvi, na mabaki huenda kwa mbwa. Chumvi ile humfanya anywe maji kutwa, na kinachoingia lazima kitoke. Kama ndivyo mnavyomlisha, acha leo. Ugali na dagaa waliooshwa vizuri, mayai, maini kidogo, au chakula cha watoto wa mbwa cha dukani kama mfuko unaruhusu. Maji usimnyime. Kuna wanaodhani kumnyima maji ni njia ya kumfundisha, lakini hilo ni mateso na linaharibu figo.

Tuje kwa mume wako. Mwambie kwa upole kwamba ushauri wake ni wa zamani sana na madhara yake nayaona mara nyingi. Mbwa huunganisha adhabu na kile alichokuwa akikifanya sekunde moja au mbili zilizopita. Ukimsugua pua dakika tano baada ya kukojoa, anachoelewa ni kwamba mkojo na binadamu vikiwa mahali pamoja, binadamu huyo ni hatari. Zile sikio kulala na macho kukwepa ambazo tunaziita kujua kosa ni woga, basi. Matokeo yake ni mbwa anayekwenda kukojoa uvunguni mwa kitanda msipoweza kumwona. Kibaya zaidi, hatakojoa mbele yako hata ukimtoa nje na kamba, kwa sababu amejifunza kutofanya hivyo ukiwa karibu. Yaani adhabu ile inaua njia pekee tuliyo nayo ya kumrekebisha. Ukimkuta katikati ya tendo, piga makofi mara moja taratibu, sema "twende", mbebe umpeleke. Ukikuta dimbwi tayari, umechelewa. Futa uendelee na shughuli zako.

Na shemeji? Anasema kweli nusu. Huko watu hutoa mbwa kwenye theluji, naam. Lakini mwulize wenye watoto wa mbwa wanafanya nini asubuhi ya theluji ya kwanza. Wengi wao wanachukua sepetu na kuchimba mpaka majani yaonekane, wasafishe kiwanja kidogo karibu na mlango, kwa sababu mbwa aliyefundishwa kiangazi akiona kila kitu cheupe naye husimama kizingitini akitetemeka. Theluji hufunika harufu kama mvua inavyoisomba. Wale wenye manyoya mafupi huvalishwa koti. Na huko baridi ni ya kuumiza, nyayo zinapata majeraha ya barafu na ya chumvi inayomwagwa barabarani. Sisi Malindi usiku wa Julai ni nyuzi 22 hivi, na baridi hiyo peke yake haimdhuru mbwa mwenye afya. Kinachomsumbua wako ni kulowa pamoja na upepo: mtoto wa mbwa mwembamba, tumbo lina manyoya machache, akilowana anapoteza joto haraka. Kutetemeka kwake basi ni mchanganyiko wa baridi ya kweli na wasiwasi, na dawa yake ni kumkinga na maji.

Magazeti, sasa. Sitakwambia ni haramu. Kwa mzee anayeishi ghorofani, au mtu anayefanya kazi ya usiku na hana wa kumtoa mbwa, ni njia inayofaa. Lakini kwako wewe mwenye ua, bei yake ni kubwa: unamfundisha choo cha pili, ndani ya nyumba, chenye kitu laini kilichotandazwa sakafuni. Mvua zikiisha itabidi umfundishe kukiacha, na mbwa hatofautishi vizuri gazeti na mkeka. Kungoja mpaka mvua ziishe pia sikushauri. Masika yanaweza kusukuma hadi mwezi wa sita, manyunyu ya kusi yanaendelea baada ya hapo, na mazoea ya miezi mitatu katika umri huu ni mazito. Njia ya tatu ni kusimama naye kwenye mvua na mwavuli mpaka akubali. Inawezekana, kwa mtu mwenye subira kuliko mimi.

Ninachokushauri ni kumjengea choo kikavu ambacho kitakuwa pale pale masika na kiangazi. Kusi inatoka upande wa bahari, kusini-mashariki, kwa hiyo tafuta ukuta wa nyumba unaotazama bara, chini ya upenu. Panga mawe upate mraba wa mita moja na nusu hivi. Ndani jaza mchanga mkavu, kina cha kiganja. Juu, kama upenu ni mfupi, ongeza paa dogo la makuti. Makuti, si bati: tone moja kwenye bati juu ya kichwa cha mbwa mwenye wasiwasi litakurudisha mwanzo. Zungushia wavu au fito, la sivyo kuku wataparura na paka wa mtaa mzima watakushukuru.

Kisha mpelekee harufu yake. Chukua sepetu moja ya udongo wa chini ya mwembe, majani yakiwemo, uumwage juu ya mchanga. Na tambara ulilofutia mkojo wa leo usilifue, lizike nusu katikati. Hiyo ni barua anayojua kuisoma.

Jinsi ya kumpeleka ni hivi. Umfunge kamba hata kama ua umefungwa, kwa sababu bila kamba atakimbilia mlangoni. Mpeleke akiamka tu, akimaliza kucheza, na baada ya kula, maana tumbo likipokea chakula utumbo mkubwa nao huanza kusukuma. Wengi huhitaji haja kubwa ndani ya nusu saa. Mvua zetu hupiga na kuacha, kwa hiyo ukisikia imekatika usingoje ratiba, toka. Ukifika kwenye mchanga simama. Usimwongeleshe, usimwangalie machoni, usitazame simu ukasahau kilichokupeleka. Mpe nafasi ya kunusa na kuzunguka. Akichuchumaa sema neno moja, lile lile kila siku, kwa sauti ya chini. Akimaliza, mpe hapo hapo kipande cha ini la kuchemsha, kidogo kama punje ya haragwe, kabla hajapiga hatua kurudi. Kumpa mkifika jikoni ni kumlipa kwa kuingia jikoni.

Kama dakika tano au saba zimepita na hajafanya, rudini. Lakini, na hapa ndipo mambo yenu yanapoharibika kila siku, usimwachie huru. Mpakate, au mfunge kamba kiunoni mwako ukiwa unamenya viazi, au mweke kwenye kikapu kinachomtosha kujigeuza tu. Mbwa hapendi kuchafua anapolala. Baada ya dakika 10 mtoe tena. Akifanya, mpe ini lake, rudini ndani, umfute kwa taulo, na hapo ndipo apewe uhuru wa nyumba kwa muda. Ule mtindo wa kutoka bure na kurudi kukojoa unavunjika kwa sababu sasa ndani hakuna mwanya wa kuchuchumaa. Siku za mwanzo itakuchosha, sifichi.

Mvua yenyewe mzoeshe kando, saa ambazo hajabanwa. Mpe chakula upenuni kwenye manyunyu, kesho sogeza sahani kidogo. Mwavuli mfungulie kwanza sebuleni akiwa anakula, maana ukimfungulia ghafla juu ya kichwa atadhani mbingu imeshuka. Usiku mpe mlo wa mwisho mapema, kabla ya magharibi, mtoe kabla hamjalala, na tarajia kutoka naye mara moja usiku kwa majuma machache yajayo.

Mkeka uondoe kwa sasa. Ukili unanyonya mkojo na hauachii, na pua yake itausoma hata ukianikwa siku nzima. Sakafu ya saruji nayo ina vitundu. Ioshe kwa sabuni na maji, isuuze, kisha pitisha siki iliyochanganywa na maji nusu kwa nusu, uiache ikauke. Kama duka lina dawa ya kusafishia yenye vimeng'enya (kwenye chupa huandikwa enzymes), nzuri zaidi. Usimwage dawa ya klorini juu ya mkojo mbichi: hewa inayotoka inachoma mapafu, yako na ya mbwa. Na dawa zenye amonia zinanukia kama mkojo wenyewe, ni sawa na kumwekea kibao.

Kuhusu mama mwenye nyumba, hukumu za twahara si fani yangu, ila nimekaa na majirani Waislamu miaka mingi na najua kwamba kwa Mashafii wa pwani yetu, yaani wafuasi wa madhehebu ya Imam Shafii, mbwa aliyelowa ni jambo zito kuliko mbwa mkavu. Msimu huu basi ndio wa kuwa mwangalifu. Mfute kabla hajapita ukumbi wa pamoja, asikaribie bomba, ndoo wala kamba ya nguo. Mwonyeshe kile choo cha nyuma ya nyumba na umweleze mpango. Kwa uzoefu wangu watu hununa kwa kutokujua kinachoendelea kuliko kwa mbwa mwenyewe.

Mchanga huo una masharti yake. Kinyesi kiondolewe kila siku, kizikwe mbali au kitupwe chooni, kwa sababu mayai ya minyoo ya safura hutotoa vizuri kwenye mchanga wenye unyevu, na viluwiluwi vyake hupenya ngozi ya mtoto anayetembea pekupeku na kuacha mistari inayowasha vibaya. Wiki 15 anatakiwa awe ameshapewa dawa ya minyoo mara kadhaa, na aendelee kila mwezi hadi afike miezi 6. Chanjo ya kichaa cha mbwa hutolewa kuanzia miezi 3, kwa hiyo kama bado, umechelewa kidogo. Na mpaka amalize mfululizo wa chanjo za utotoni, ambao huishia wiki ya 16 hivi, asijisaidie njiani wanakopita mbwa wa mtaa: virusi vya parvo, vinavyowaharisha damu watoto wa mbwa, hukaa kwenye udongo kwa miezi. Madimbwi nayo ayaepuke. Panya hukojoa humo, na leptospirosi, ugonjwa unaotoka kwenye mkojo wao, inampata mbwa na inawapata watu.

Utaona nafuu lini? Ukifuata hivi, mabadiliko huanza kuonekana katika wiki mbili tatu, lakini ajali zitakuwepo. Wengi hawaaminiki kabisa ndani ya nyumba mpaka wapite miezi 6, na mvua kubwa ya ghafla inaweza kumrudisha nyuma siku mbili. Usitishike.

Yote haya nimeyasema nikidhani ni mzima. Mwone daktari wa mifugo, bila kungoja mafunzo yafanye kazi, ukiona anachuchumaa mara kwa mara na kutoa matone tu, analia akikojoa, mkojo una damu au harufu kali ya ajabu, anakunywa maji bila kukoma, au anajilamba nyuma kutwa. Majike wadogo hupata maambukizi ya njia ya mkojo kwa urahisi, na hapo hakuna mafunzo yatakayosaidia kabla ya dawa. Kama tangu umpate matandiko yake huwa yamelowa akiwa usingizini, kiangazi na masika, litaje hilo pia, kwani wapo wanaozaliwa na mrija wa figo uliounganika pasipo pake. Akijikamua bila kutoa hata tone, au akiharisha damu na kutapika, au akitetemeka huku amelegea na ufizi umekuwa mweupe, ni siku hiyo hiyo, hata iwe Jumapili.

Ukienda, beba mkojo wa asubuhi. Mtegee kifuniko kisafi cha sufuria anapochuchumaa, umimine kwenye chupa iliyooshwa na kukaushwa, uandike saa, na uufikishe ndani ya saa mbili.